Pima Saba Kutoka Jiwe Jeupe: Maisha ya Mzee Félicien Ndayiragije (1949–2024)

Wapendwa jamaa, majirani, walimu, wavuvi wa Makobola, na nyinyi mliopanda gari alfajiri kutoka Uvira ili mfike kwa wakati: familia inawashukuru. Mjane ameomba maneno haya yasomwe polepole, kwa sababu marehemu hakumpenda mtu anayesoma hesabu mbio mbio. Aliyepewa kazi ya kusoma ni Chadrack, mume wa binti yake wa kwanza, ambaye marehemu alikuwa akimwita "mukwe wangu mwenye kinywa". Leo kinywa hicho kimepata kazi ambayo kisingeitamani.

Mzee Félicien Ndayiragije alizaliwa tarehe 3 Machi 1949 katika tambarare ya Ruzizi, karibu na Kiliba. Alikuwa mtoto wa tatu wa Barnabé Arakaza na Geneviève Ninahazwe, wakulima wa mpunga na mihogo. Alizaliwa mfupi, akakua mfupi, na mfupi akabaki. Mama yake, Mungu amrehemu, alikuwa akisema kwamba huyu mtoto Muumba alimwanza vizuri sana, kisha akaitwa mahali pengine. Félicien mwenyewe ndiye aliyekuwa wa kwanza kuwasimulia wageni maneno hayo, kabla mtu mwingine hajamcheka. Tunaomba mkumbuke habari ya ufupi wake, maana si mzaha tu. Mambo makubwa ya maisha yake yalitokea kwa sababu hiyo.

Mwaka 1956 alipelekwa Uvira kukaa kwa shangazi yake na kusoma katika shule ya misheni. Alimaliza darasa la sita mwaka 1962 akiwa wa pili katika hesabu na wa mwisho katika kuimba. Aliingia sekondari, lakini mwaka 1964 vita vilifunga shule, na zilipofunguliwa tena baba yake hakuwa na uwezo wa kumrudisha. Hakupata diploma. Alipata mwandiko mzuri, Kifaransa cha kutosha kusoma gazeti, na ugonjwa ambao haukumwacha hadi kufa, nao ni kupima vitu. Alipima mabenchi ya kanisa, vivuli vya miti, na hatua kutoka mlango wa shangazi hadi kisimani. Shangazi aliogopa akafikiri mtoto amerogwa.

Mwaka 1968 aliajiriwa bandarini Kalundu kubeba mizigo. Miaka miwili baadaye, chombo cha kupima kina cha maji kilimkosa mtu wa kamba, na mkuu wa chombo akauliza kama kuna mbebaji anayejua kuandika tarakimu zisizofanana na kuku wanaokimbia. Félicien akanyoosha mkono. Kazi ya mtu wa kamba ni hii: anasimama mbele chomboni, anatupa kamba yenye risasi nzito mwishoni, anangoja risasi iguse chini na kamba isimame wima, anasoma alama, anapaza sauti, karani anaandika. Kamba hiyo waliita sonde, na yeye tangu siku hiyo watu wakamwita Papa Sonde, ingawa alikuwa bado kijana asiye na mke. Aliifanya kazi hiyo miaka thelathini na mitano, kumi na tisa ya mwisho akiwa mkuu wa upimaji. Alitoka Kalundu akafika Baraka, akavuka akafika ng'ambo ya pili, na kila mahali alijulikana kwa jambo moja. Kama kamba haijasimama wima, hakutoa hesabu, hata kapiteni apige kelele namna gani.

Huwezi kusimulia maisha ya Mzee Félicien bila kumsimulia Mwingereza mmoja ambaye alikufa zaidi ya nusu karne kabla yeye hajazaliwa. Mtuvumilie. Yeye angekuwa hapa, angeanza na huyo.

Mwaka 1971 padri mmoja mzee wa misheni alikuwa anarudi kwao, na Félicien alimbebea masanduku hadi melini. Katika sanduku la mwisho kulikuwa na daftari lililopigwa kwa mashine, kurasa tisini na nne, tafsiri ya Kifaransa ya kumbukumbu za ofisa wa jeshi la majini la Uingereza, Luteni Josiah Pell. Padri alilifungua, akaona limejaa vina vya maji, akamtazama kijana wa kamba, akasema: "Hili litakufaa wewe kuliko mimi." Félicien alilisoma usiku tatu. Kisha akalisoma tena miaka hamsini na mitatu.

Humo ndani alikutana na maisha ya mtu. Josiah Pell aliingia jeshi la majini akiwa na miaka kumi na mitatu, mtoto wa mwalimu maskini. Alifunzwa kupanda milingoti na kusoma nyota. Alipofika miaka kumi na tisa alikuwa kwenye merikebu zilizokimbiza vyombo vya watumwa karibu na Zanzibar, na aliandika kwamba harufu ya vyombo hivyo haikumtoka puani mpaka uzeeni. Akajifunza kuchora ramani za pwani, kazi ya polepole isiyoleta medali, na wenzake waliokwenda vitani wakampita kwa vyeo. Mwaka 1876 alitumwa kwenye ziwa letu la Tanganyika na mashua iliyobebwa vipande vipande mabegani mwa watu. Alikaa miezi minne upande huu wa kaskazini, akapima kutoka Makobola hadi mdomo wa Ruzizi. Homa ikamtupa chini, akarudishwa kwao kwa machela.

Kilichomuumiza Félicien ni kilichofuata. Miaka michache baada ya Pell kuondoka, mlango wa Lukuga, mto unaotoa maji ya ziwa, ulifunguka na ziwa likashuka. Msafiri mwingine akaja, akakuta mchanga na mashamba mahali ambapo Pell alichora maji. Akaandika kwamba Luteni Pell alikuwa mgonjwa au mlevi. Wakubwa wa Pell waliamini. Hawakumpa merikebu nyingine tena. Alikaa nchi kavu miaka kumi na mmoja akingoja barua, akafa akiwa bado luteni, na ramani yake ikawekwa kabatini. "Hakudanganya," Félicien alikuwa akituambia mezani, na macho yanalowa. "Ziwa njo lilishuka. Hakuna hata muntu mumoja alikwenda kumwambia."

Basi Pell akawa mtu wa nyumbani. Ernestine, binti wa kwanza, alipoulizwa shuleni ataje wajomba na baba zake wadogo, alimtaja na "baba mudogo Peli wa Ungereza". Kila mwezi wa Novemba, siku ya kuwaombea marehemu wote, Félicien alipeleka jina lake kwa ajili ya misa. Mwaka mmoja padri mpya akamuuliza huyo Yosiya Pell ni wa ukoo gani. Félicien akajibu: "Ni wa kamba." Padri aliandika.

Tarehe 9 Agosti 1975, mjini Uvira, alifunga ndoa takatifu na Domitille Kankindi, binti wa mvuvi wa Makobola. Bibi arusi alimzidi bwana arusi kichwa kizima, na katika picha ya arusi mpiga picha alimsimamisha Félicien kwenye kreti ya soda. Kreti inaonekana. Mama Domitille alikataa picha hiyo ikatwe. Alikuwa muuza kamba na nyavu sokoni, kazi aliyoifanya miaka arobaini, akipima kamba kwa pima, kama wafanyavyo wavuvi wote wa hapa: unashika ncha, unanyoosha mikono miwili kadiri inavyofika, hiyo ni pima moja. Wateja walipanga mstari kwake na kuwapita wauzaji wengine watatu, kwa sababu mikono ya Domitille ilikuwa mirefu kuliko ya wote. Mungu aliwajalia watoto watano. Waliishi Songo, mtaa wa Uvira, katika nyumba ya vyumba vitatu, na katika miaka ya vita walikimbia mara mbili na kurudi mara mbili. Mara zote mbili Félicien alibeba godoro, mtoto mdogo, na daftari la Pell. Mama Domitille alikuwa akiwaambia majirani kwamba yeye aliolewa na wanaume wawili, na yule aliyekufa ndiye asiyemsumbua kwa chakula.

Alistaafu mwaka 2005, wakahamia hapa Makobola kwenye kiwanja cha baba mkwe. Ernestine alikuwa mwalimu, na mwaka 2014 akawa directrice, yaani mkuu, wa shule ya msingi, ile iliyokuwa ufukweni, madarasa sita ya matofali, mita themanini tu kutoka majini. Watoto walikuwa wakiogelea wakati wa mapumziko. Félicien alikuwa akikaa nje ya uzio kila asubuhi akiwatazama, na hakuna aliyejua anahesabu nini.

Alikuwa anahesabu pima saba. Ukurasa wa sitini na moja wa daftari unasema hivi: "Leo nimepanda juu ya jiwe jeupe la Makobola, nikashusha kamba. Kutoka mdomo wa jiwe hadi majini, pima saba. Upepo hakuna." Jiwe lile lipo, mnalijua wote, na weupe wake umefanywa na ndege wa ziwa, si na mtu mwingine. Félicien aliwaza hivi: ukishusha kamba ya pima saba kutoka mdomo ule ule, itakapoishia ndipo maji yalipokuwa mwaka 1876. Na maji yaliyowahi kufika mahali yanaweza kurudi. Ziwa lilikuwa limeanza kupanda taratibu. Wavuvi waliliona na kusema ni mvua tu. Kati ya maji na mstari wa Pell kulikuwa na shule ya binti yake, na ndani yake watoto karibu mia tatu.

Julai 2018, akiwa na miaka sitini na tisa, alipanda jiwe na kamba mpya. Alipima pima saba kwa mikono yake mwenyewe, maana kamusi ya Kifaransa ilimwambia kwamba pima ni urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa, na yeye mikono alikuwa nayo. Akashusha, akapaka chokaa pale ncha ilipoishia. Kisha akachukua mpira wa waashi, ule wenye maji ndani unaoonyesha usawa, na kwa siku tisa alihamisha usawa huo kutoka jiweni hadi kijijini, akichomeka vijiti vyenye kitambaa chekundu.

Vijiti vilipita juu ya shule. Vikapita juu ya soko, juu ya dispensari, juu ya kanisa. Vilipita hadi nyuma ya jiko la chifu. Kwa hesabu ya Papa Sonde, karibu kijiji chote kilipaswa kuhama.

Kwanza watu walicheka. Claude Nkeshimana, kiongozi wa wavuvi, alisimama katikati ya soko na kijiti mkononi. "Papa Sonde, sasa unatutuma mu milima ya Mulenge tukachunge ngombe? Samaki tutavulia mu majani?" Soko zima lilianguka kwa kicheko. Félicien alijibu kwa hasira kwamba kamba haisemi uongo, na kwamba siku itafika watamtafuta. Hakupaswa kujibu hivyo. Watu wakaacha kucheka, wakaudhika, na vijiti vikaanza kung'olewa vikawa kuni.

Kijiti kimoja kiling'olewa na Ernestine. Kilikuwa kwenye uwanja wa shule, na wazazi walikuwa wamekuja kulalamika kwake mara mbili. Alikibeba hadi kwa baba yake akakiweka mezani. "Papa, banasema baba ya directrice anapima upepo. Minye nitafundisha batoto namna gani?" Kwa mwaka mmoja na zaidi baba na binti walisalimiana tu kwa adabu, na Chadrack anayesoma hapa alikuwa akipita katikati yao na sahani za chakula akijifanya haoni. Ilikuwa huzuni kubwa nyumbani, na tunaisema kwa sababu marehemu mwenyewe hakuificha. Alikuwa ameona kwamba yuko katika njia ile ile ya Pell: amepima, hawamwamini, atakufa, na maji yatakuja baadaye. Lakini Pell alipoteza cheo tu. Huku kulikuwa na watoto.

Novemba 2019 alikuwa uani, anapima kamba upya ili arudie kazi yote. Mama Domitille alikuwa anachambua maharagwe. Alimtazama kwa muda, mikono ikasimama.

"Baba Ernestine, iyo pima unapima iko ya nani?"

"Iko yangu."

"Njo maana! Kwa soko nikipima na mikono kama yako, batu batanipigia makelele mpaka Uvira. Mikono yako iko mifupi, weye. Ule Mungereza alikuwa mufupi?"

Félicien alisimama na kamba mkononi. Miaka arobaini na minane alikuwa amelisoma daftari lile, na hakuwahi kujiuliza mikono ya Pell ilikuwa mirefu kiasi gani. Bandarini kamba ya serikali ilikuja na alama zake za mita kutoka ghalani. Hakuna aliyewahi kumwomba mikono yake. Mama Domitille aliinuka, akakung'uta maganda kwenye kitenge, akachukua kamba na kupima pima saba kama alivyowapimia wavuvi miaka arobaini. Wakazilaza kamba mbili chini sambamba. Ya mke ilizidi ya mume kwa karibu mita mbili.

Walikwenda wote wawili kwa Padri Habonimana, wakamwomba atafute katika simu yake. Pima ya jeshi la majini la Uingereza ni futi sita, yaani mita moja na sentimita themanini na tatu. Padri akaleta utepe wa fundi cherehani, akampima Mama Domitille kutoka ncha ya kidole hadi ncha ya kidole. Mita moja na sentimita themanini na mbili. Félicien alikaa kwenye ngazi ya nyumba ya padri akacheka mpaka akalia, kisha akalia bila kucheka. Mkewe akakaa pembeni yake. Walirudi nyumbani jioni, na njiani mkewe ndiye aliyebeba kamba.

Walilipanda jiwe pamoja, mzee wa miaka sabini na bibi yake. Mstari mpya ulishuka mita mbili. Mita mbili kwenye jiwe si kitu, lakini kijijini, ambako ardhi inalala, ni umbali wa kuvuka soko na kubakiza. Kanisa lilipona. Dispensari ikapona, na jiko la chifu pia. Chini ya mstari vilibaki vitu viwili: nyumba thelathini na moja, na shule.

Kilichobaki ndicho kilikuwa kigumu kuliko kupanda jiwe. Ilimbidi awaambie watu aliowajibu kwa hasira kwamba walikuwa na haki ya kucheka. Kama angenyamaza na kuhamisha vijiti kimya kimya, wangesema anabahatisha. Kama angekiri, wangeweza kusema basi hata huu wa pili ni uongo. Kwa siku nyingi hakula vizuri. Jumapili tarehe 12 Januari 2020, baada ya misa, wakati wa matangazo, aliomba kusema. Alisimama mbele ya altare, na kwa kuwa waliokaa nyuma hawakumwona, watu wa kwaya wakamletea benchi.

"Bandugu," alisema, "minye nilikosa. Ule mustari wa kwanza haukuwa wa Mungereza. Ulikuwa wa mikono yangu. Mungereza alikuwa na mikono sawa bibi yangu."

Kanisa lilicheka, naye akangoja, kama alivyokuwa akingoja kamba isimame.

"Nilisema kamba haisemi uongo. Ni kweli, lakini mwenye alisema uongo ni minye, bila kujua. Munisamehe kwa maneno nilisema kwa soko. Sasa huu mustari wa pili, nimeupima na Mama Ernestine, na Padri ameona. Huu siwezi kuutoa hata munichekeleye mpaka nikufe. Kanisa liko salama. Soko liko salama. Shule hapana."

Hakuna aliyecheka tena. Claude Nkeshimana aliinuka kwenye benchi la wavuvi. "Muntu mwenye anasema nilikosa mbele ya padri na mbele ya bibi yake," alisema, "huyo minye naweza kumusikiya." Akakaa. Ernestine alikuwa upande wa walimu. Alitembea hadi mbele ya wote, akamshika baba yake mkono ili ashuke kwenye benchi, na hakuuachia mkono huo hadi nyumbani.

Machi ya mwaka huo korona ilifunga shule zote za nchi, na hapo Makobola tukapata nafasi ambayo hatukuiomba. Parokia ilitoa kiwanja juu ya barabara ya Fizi. Wazazi walifyatua matofali. Wavuvi, wakiongozwa na Claude, waling'oa mabati ya shule ya zamani na kuyapandisha kwa mabega, mawili mawili. Wapo waliokasirika, tusiseme hawakuwepo; familia kumi na mbili kati ya zile thelathini na moja zilikataa kuhama, na moja ilimshtaki Félicien kwa chifu kwa kuharibu bei ya kiwanja chake. Shule ilifunguliwa juu tarehe 12 Oktoba 2020, madarasa manne yakiwa na paa na mawili yakiwa na turubai.

Aprili 2021 maji yaliingia katika majengo ya zamani, yakafika magotini. Mwaka huu wa 2024, kuanzia Aprili, yalipanda hadi juu ya madirisha, na wavuvi walipita na mitumbwi pale palipokuwa ubao wa darasa la pili. Zile familia kumi na mbili zilitoka kwa mitumbwi na vitu vyao, na watu wa juu waliwapokea bila kuwakumbusha lolote. Hakufa mtu hata mmoja. Ziwa lilisimama hatua hamsini chini ya mstari. Félicien alikuwa amekwisha kupaka upya mstari ule jiweni mwaka 2021, baada ya maji ya kwanza, kwa rangi nyeupe ya mafuta na kuandika juu yake: "Kipimo cha Luteni Pell, mikono ya Mama Domitille." Tulimwambia aongeze jina lake. Alisema yeye alileta chokaa tu. Kisha aliandika barua ya kurasa mbili kwa ukoo wa Pell huko Uingereza, na anwani ilikuwa jina la mji tu, kuwaeleza kwamba ndugu yao hakuwa mlevi na kwamba watu wa Makobola wanamshukuru. Haijajibiwa. Alisema haidhuru, ilikuwa lazima mtu aende kumwambia.

Alianza kuugua Oktoba 2022. Ilikuwa kisukari, na baadaye figo. Alitibiwa Uvira, na familia inawashukuru madaktari na masista waliomvumilia mgonjwa aliyetaka kuona kila tarakimu iliyoandikwa kwenye karatasi yake. Mwaka huu, baada ya Pasaka, aliomba arudishwe nyumbani. Tulimweka kwenye kitanda karibu na dirisha. Macho yake yalikuwa yamefifia, lakini kengele ya shule aliisikia, na kila mchana Ernestine alipotoka kazini alimuuliza jambo lile lile.

Alhamisi tarehe 30 Mei aliuliza tena.

"Leo batoto ni wangapi?"

"Mia tatu na kumi na mbili, Papa."

"Bote bamekuja?"

"Babili bako na malaria."

"Basi sema mia tatu na kumi. Usinipatie hesabu ya kunifurahisha."

Alicheka kidogo, akashika mkono wa mkewe, akalala. Alitutoka kesho yake, Ijumaa tarehe 31 Mei 2024, saa tatu ya asubuhi, akiwa na miaka sabini na mitano, amekwisha kupokea sakramenti, na Mama Domitille akiwa amemkumbatia kwa mikono ile mirefu. Siku kumi kabla ya hapo ziwa lilikuwa limeanza kushuka. Claude ndiye aliyemletea habari, akamwonyesha kwa vidole viwili, naye akaomba apimiwe vizuri.

Tuna majonzi, wala hatuyafichi. Nyumba ina ukimya ambao hatujauzoea. Lakini tunamzika mtu aliyeogopa kufa bila kuaminiwa, na akaaminiwa akiwa hai, na binti yake, na majirani zake, kwa sababu alikubali kusema mbele ya wote kwamba amekosa. Si wengi wanaopewa hilo. Tunamshukuru Mungu kwa ajili yake.

Mzee Félicien Ndayiragije ameacha mjane, Mama Domitille Kankindi, watoto watano, Ernestine, Uwimana, Délice, Divine na Barnabé, wakwe wanne, wajukuu kumi na wanane na kitukuu mmoja. Ameacha pia wanafunzi mia tatu na kumi na wawili. Leo Jumanne hawapo hapa makaburini, kwa sababu aliagiza kwa kinywa chake kwamba shule isifungwe kwa ajili yake hata saa moja. Wako darasani, juu ya barabara. Directrice aliwahesabu asubuhi hii mwenyewe, kabla ya kushuka kuja kumzika baba yake, na ameomba iandikwe katika wasifu huu kwamba wale wawili wamepona. Papa, bamekuja bote.

Bwana akupokee, na ulale kwa amani yake.